Matanga ya Mwigizaji wa Kijapani

Kila harufu ya naftalini inaponifikia, namwona bibi yangu katika nyumba yetu ya mbao huko ughaibuni, mtaa wa West Side mjini Buffalo, amevaa kitenge cheusi, anamlilia mwigizaji wa Kijapani.

Kila Jumamosi nilimwekea filamu za zamani za Kijapani kutoka maktaba. Hakujua Kijapani, lakini alipomwona yule dada mwigizaji akipiga magoti kumimina chai, alisema, "Huyu walimulea muzuri." Siku dada yule alipokufa kwa kikohozi kwenye filamu, bibi alitoa sandukuni kitenge cheusi kilichonuka naftalini, akatandika mkeka, akawaita wamama wa kanisa. Walipika sombe, yale majani ya muhogo, wakaimba na kulia.

Jumamosi iliyofuata nikaweka filamu aliyoicheza dada yule miaka ya nyuma. Akatokea yeye yule, bado msichana mbichi, anacheka huku akiendesha baiskeli.

Bibi, angali na kitenge cheusi, akakunja uso. "Bon, kumbe tulimulilia bure."

"Ni kazi yake, Bibi."

"Kazi gani ya kufa?"

Alinuna mpaka chai ikapoa. Tangu hapo, mwigizaji yeyote akianza tu kukohoa, bibi alizima televisheni.

"Mu hii nyumba," alisema, "hakuna mutu atakufa tena."