Siku Niliyomwacha Mama Mkwe Mlangoni

Mkoa wa Manyara ulipoanzishwa, nilihamishiwa Babati kutoka Moshi nikiwa mpima ardhi. Kazi ilikuwa nyingi kuliko watu. Wageni walitafuta viwanja Maisaka, nasi tulishinda juani tukivuta mkanda na kupanda mawe ya mipaka. Nilioa mwalimu, binti wa Sigino, tukapata mtoto wa kike. Sikuwa na shida ambayo ningeweza kuitaja.

Ndiyo maana nilipoanza kuumwa sikujua kama naumwa. Kwanza usingizi ulikatika. Kisha chakula kikakosa ladha. Asubuhi nilikaa ukingoni mwa kitanda, kiatu kimoja mguuni, nikishindwa kuvaa cha pili. Sikuwa nikilia. Nilikuwa mzito tu, kama gunia lililolowa mvua.

Kazini walisema nimeanza pombe. Jirani mmoja, muuza vitenge, alimnong'oneza mke wangu: "Hao aliowapimia viwanja ndio waliomfanyia kitu." Mchungaji akaja kuniombea, akaniuliza ni dhambi gani sijaitubu. Niliitafuta kweli, nikakuta nyingi, nikazidi kuzama.

Jumamosi moja mama mkwe alikuja kutoka Sigino kwa miguu, na maziwa kwenye kibuyu. Mke wangu alikuwa sokoni. Nilisikia "Hodi humu ndani!" nikaijua sauti. Nilijiambia inuka, mkaribishe. Mwili haukwenda. Alibisha mara tatu, kisha akakaa kizingitini. Alikaa hapo mpaka mke wangu aliporudi, jua likiwa utosini.

"Mume wako yumo ndani," nilimsikia akisema. "Amekohoa."

Mke wangu aliingia chumbani. Nilitegemea matusi, lakini alikaa sakafuni.

"Baba, niambie ukweli. Umenichoka, au unaumwa?"

"Sijui."

"Basi Jumatatu tunakwenda hospitali."

Daktari aliuliza habari za usingizi, chakula na kazi. Halafu, kwa sauti ileile, akauliza, "Umewahi kutamani kufa?"

Nilimtazama mke wangu, nikainamisha kichwa. "Ndiyo. Karibu kila siku."

Mke wangu akanishika mkono mbele ya mtu baki, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu tuoane.

"Huu ni ugonjwa, unaitwa sonona," daktari alisema. "Ulaya wanao, Uhindi wanao, na hapa Babati tunao. Ila hapa wagonjwa wengi wananifikia mwisho, wakishapita kwa mchungaji na kwa mganga." Alinipa vidonge, akanionya kwamba havifanyi kazi upesi, akataka nirudi kila wiki tuzungumze.

Vidonge vilinikausha mdomo. Wiki ya kwanza sikuona kitu, ya pili vilevile, nikataka kuvitupa. Mke wangu alinipa kidonge na maji, akasimama hapo mpaka nimeze. Wiki ya tano, kama sikosei, binti yangu alicheka uani, nami nikagundua kuwa nilikuwa nimetega sikio nimsikie tena.

Nilipopata nguvu nilikwenda Sigino kuomba radhi. Nilimsalimia mama mkwe, nikamweleza yote niliyoambiwa hospitalini.

"Ugonjwa huo mimi siujui," alisema. "Ninachojua uliniacha mlangoni kama ombaomba."

Alinipikia hata hivyo, lakini tangu siku ile hakukanyaga kwangu nikiwa peke yangu.

Ningependa kusema mambo yaliishia hapo. Nilipojiona mzima niliacha dawa bila kumwambia mtu, na baada ya miezi michache uzito ukarudi, mbaya kuliko mwanzo. Safari hiyo dawa ziliadimika, mke wangu akawa anaziagiza Arusha kwa dereva wa basi. Ofisini nilipoeleza kilichokuwa kikinisumbua, mkubwa wangu alicheka, akidhani natania. Cheo nilichokitarajia alipewa mwenzangu. Sikumlaumu. Yeye alikuwa akifika kazini.

Bado natumia dawa. Ipo miezi mizuri, ipo mingine naivuka kwa kusukumwa. Mke wangu akiniuliza "Umeamkaje?" simjibu tena "salama" kwa mazoea. Nikiwa nimeamka vibaya namwambia vibaya, naye anatuma ujumbe shuleni kwamba atachelewa, kisha anavuta kiti na kukaa nami.