Masaa Mawili Niliyoyakata

Mimi ni fundi wa muda hapa Bunda, jirani na stendi. Saa zinazomchosha mtu nazipunguza, zinazompungukia naziunga, kama fundi cherehani afanyavyo na suruali. Mzee wa Butiama aliyenifundisha alinikataza jambo moja tu: fundi hakati muda wake mwenyewe, anampelekea fundi mwenzake. Lakini mzee alishakufa, na fundi mwingine simjui.

Mama yangu alipolazwa Musoma, nilikaa kando ya kitanda tangu asubuhi. Alikuwa amelala tu, hasemi, na ule ukimya ukanishinda. Nikatoa mkasi, nikakata masaa mawili yaliyokuwa yanakuja. Nilijiambia hamna kitu humo, usingizi mtupu. Mara nikajikuta jioni, na mama ameshafariki.

Kile kipande nilikiweka kabatini. Baadaye akaja dada mmoja wa Murangi ambaye mumewe alikuwa anasafiri, akataka mchana wao wa kuagana urefushwe. Nikamuungia kile kile. Nikajisifu hata, kwamba mshono hauonekani!

Juzi nimekutana naye sokoni akichagua dagaa. Alinishukuru sana, kisha akasema, "Ila fundi, nikiukumbuka ule mchana, kuna mama mzee anaamkaga mle ndani. Ananishikaga mkono, ananiita mwanangu. Ni nani yule?"

Nikamwambia simjui. Halafu nikamwomba anionyeshe ni mkono upi.