Mama Amemfumia Mwenzangu Sweta ya Kiume

Admin, nifiche kabisa, na hii namba yangu uifute ukishasoma. Mimi ni mwanaume wa miaka thelathini na nne, Mkisii, niko huku Minnesota mwaka wa saba. Nahudumia wazee kwenye nyumba moja kule Crystal. Naishi na mwenzangu, huu mwaka wa nne, na mwenzangu ni mwanaume. Mnaotaka kunitukana tukaneni mmalize, halafu mnisikilize, kwa sababu shida yangu si hiyo. Shida yangu ni sweta.

Kiswahili kimenisitiri jamani. Mama akiuliza habari za huku namwambia, "Mwenzangu amepata kazi kwenye ghala kule Shakopee. Mwenzangu anaumwa na jino." Anakula, amelala, ameenda kazini. Hakuna mahali Kiswahili kinakulazimisha useme ni mke au ni mume. Mama anasema, "Msalimie," simu inakatika, nashusha pumzi. Hata nilikuwa najisifu kwamba sijawahi kumdanganya mamangu.

Sasa Januari baridi ilikaza, nikamwambia Mama mwenzangu anateseka huko ghalani. Mama amefuma sweta za shule kwa mashine tangu nikiwa mdogo. Akauliza, "Mrefu ni nani, wewe au yeye?" Na mimi mjinga nikajibu bila kufikiri, "Yeye ananizidi kidogo. Na mabega yake ndiyo usiseme." Kisha Mama, ambaye hajawahi kuniongelesha Kizungu tangu anizae, akasema, "Is he eating?"

Wooi! "He" ni ya mwanaume! Lakini ngojeni kwanza. Kizungu cha Mama ni cha kuokoteza. Kwake kila mtu ni "he": dada yangu ni "he", hata ng'ombe aliyezaa juzi ni "he". Kwetu wengi tunachanganya hivyo. Sasa alijua, ama ni ulimi tu uliteleza? Nikajibu kwa Kiswahili, "Anakula vizuri, Mama," nikabadilisha mada.

Mwezi uliopita mama mmoja wa kanisani, anakaa Richfield, akarudi kutoka nyumbani na mzigo wangu aliopewa na Mama. Kuingia tu, macho yake yakaenda kwenye viatu mlangoni, jozi mbili za buti za kiume. "Kumbe mko wawili?" Nikasema naishi na jamaa fulani. Akasema "Aaa," ile ndefu. Hata chai hakumaliza.

Kwenye mzigo kulikuwa na sweta mbili za buluu. Moja yangu. Nyingine kubwa kuliko yangu, na vifungo vyake viko kulia, upande wa kiume. Mama hawezi kukosea vifungo, hata umwamshe usingizini.

Nikamgeukia mwenzangu. Yeye ni Mkongomani, wa Bukavu. "Ni wewe ulimwambia Mama?" Akashangaa. "Miye? Namba ya mama yako nitaitosha wapi, nitaipata wapi?" Sikumwamini. Nikachukua simu yake nikaikagua yote, na yeye amesimama hapo ananiangalia. Sikupata kitu. Najua nilikosea. Akavaa ile sweta, ikamkaa sawasawa mabegani, halafu akasema polepole, "Miaka ine mama yako anasikia tu mwenzangu, mwenzangu. Jina yangu iko na kosa gani?" Tangu siku hiyo akitoka kazini anakaa kwenye gari dakika ishirini kabla ya kuingia ndani. Namwona dirishani, na inaniuma.

Wiki jana ukaja ujumbe kutoka simu ya Mama: "Tuma picha yenu wawili mmevaa sweta. Nyuso zionekane." Mama hajui kuandika ujumbe. Anayemwandikia ni kaka yangu mkubwa, mzee wa kanisa, yule aliyesema mbele ya watu kwenye mazishi fulani kijijini kwamba kijana wa jirani yetu, mtu wa aina yangu, asikanyage boma lake tena. Nyuso zionekane! Hayo ni maneno ya Mama hayo? Nimepiga simu mara tatu, na mara zote ni kaka amepokea: "Mama yuko shambani. Ile picha umetuma?"

Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Picha ikitoka kwangu ikifika kwa kaka, huenda nisirudi nyumbani hata kumzika mamangu. Na nikikataa, na kumbe ni Mama mwenyewe alitaka kuona kazi ya mikono yake, nitakuwa nimemfungia mlango, na yeye ndiye aliyekuja kubisha.

Juzi mwenzangu alivaa sweta, akachana nywele, akaketi sebuleni. "Piga picha, ao nivue." Nikamwambia avue. Akavua, akaikunja vizuri, akaiweka juu ya begi lake la nguo, alilokwisha kulipanga. Begi liko mlangoni mpaka sasa, karibu na zile buti.

Leo asubuhi Mama ametuma sauti. Ni yake kabisa, kuku wanasikika nyuma. Sijui nani alimshikia simu, sijui nani alikuwa amesimama kando yake. Hajataja picha wala sweta. Ameuliza maneno matatu tu: "Is he eating?"

Nimesikiliza labda mara kumi. Tangu juzi mwenzangu hajagusa chakula. Ninyi wenye mama, niambieni, nimjibu nini?