Nilijiandika "fluent" Kirundi, mama mmoja Kagunga akanivua nguo bila kusema neno

Wakuu, habari za leo. Niliyonayo ni ya kweli tupu, na ningekuwa natunga ningejipa sehemu nzuri zaidi kuliko hii. Mwenye soda afungue.

Mimi ni Muha wa Simbo, Kigoma. Mwaka ule Warundi walipokimbia vurugu kwao wakamiminika Kagunga, kijiji cha mpakani kando ya Ziwa Tanganyika, nilikuwa nimemaliza kidato cha sita, niko nyumbani nakula ugali wa mama na kutoa ushauri ambao hakuna aliyeuomba.

Likatoka tangazo: shirika moja linataka wakalimani wa Kirundi.

Sasa wasiojua, Kiha na Kirundi ni ndugu wa damu. Muha na Mrundi wanakaa wakapiga stori mpaka ugali unaiva. Nikasema hii kazi ni yangu.

Kwenye fomu kulikuwa na kisehemu cha lugha: fair, good, fluent. Nikatiki fluent, tena kwa kukandamiza kalamu mpaka karatasi ya chini ikapata alama.

Niongee kidogo kuhusu hilo neno. Shuleni tulifundishwa kwamba fluent ni mtu anayesema kwa urahisi, bila kukwama. Sisi tukachukua ile "bila kukwama" tu. Darasani kwetu aliyekohoa katikati ya sentensi alichekwa, na aliyemwaga Kiingereza kibovu kwa spidi alipigiwa makofi. Watu wanaandika fluent kwenye CV wakimaanisha "naweza kusalimia". Mimi nilimaanisha "sinyamazi".

Kwenye intavyuu paneli ilikuwa na mtu wa Tanga na mtu wa Mbeya. Nikawamwagia Kiha changu kwa lafudhi ya Kirundi niliyoiokota redioni. Wakatikisa vichwa kukubali. Kazi nikapata.

Kagunga wakuu, acheni. Ufukwe mwembamba, mlima mgongoni, ziwa mbele, na watu kila mahali hata pa kuweka mguu hakuna. Meli inasimama mbali, watu wanapelekwa kwa maboti. Wagonjwa na wazee walitangulizwa Kigoma mjini, familia zikafuata kwa orodha.

Nilikaa mezani chini ya turubai na dada Neema, mtumishi wa serikali aliyehamishiwa kwetu kutoka Moshi. Yeye anaandika, mimi natafsiri. Na nilikuwa natafsiri kweli! Mtu akisita kidogo, nimeshammalizia sentensi. Wenzangu wakaniita Redio. Nami kwa ujinga wangu nikaona ni sifa.

Siku ya nne, asubuhi, akaja mama mmoja na binti zake wawili. Akaeleza vizuri kabisa: baba mkwe wake alikuwa anaumwa, jana yake kabebwa na boti la wagonjwa, anaomba aandikwe naye familia moja. Mume wake alibaki njiani na hajulikani alipo. Mzee ndiye mkubwa pekee waliyebaki naye.

Neema akasema, "Muulize jina la huyo mzee tumtafute kwenye orodha."

Nikauliza. Mama akatazama chini.

Nikarudia kwa sauti. Akasema, "Ni mzee wa kwetu. Baba wa mume wangu."

"Jina, mama, jina!"

Kimya.

Foleni nyuma inasukumana. Nikamgeukia Neema nikasema, "Hajui jina." Halafu, wakuu, nikaongeza la kwangu ambalo hakuna aliyeniuliza: "Nadhani anajipachika kwa mzee wa watu."

Neema akaandika. Ikasomwa kwa simu Kigoma pamoja na jina la mama: kwa kuwa mama hamjui, mzee wa boti la jana atakayemtaja aandikwe hana ndugu. Na asiye na ndugu anapangiwa safari yake, kambi yake. Mama akaambiwa apande boti na binti zake, akakataa. Akakaa mchangani juu ya furushi lake, akasema haondoki bila mzee.

Mchana nikapanda mlimani kutafuta network, nikampigia mama yangu. Nikamsimulia kama kichekesho. "Yaani mama, mtu hajui hata jina la baba mkwe wake!"

Nikangoja acheke. Hakucheka.

"Babu yako mzaa baba aliitwa nani?"

"Si Bitariho?"

"Umeshawahi kunisikia mimi nikilitamka?"

Nikatafuta kichwani. Mzee. Babu yenu. Na yule jirani yetu aliyekuwa na jina hilohilo, Simbo nzima ikimwita Bitariho, mama peke yake akimwita Baba Yusta. Miaka kumi na tisa nimekula kwa mkono wa mwanamke asiyetamka jina la baba mkwe wake, kwa heshima, na sikuwahi kujiuliza!

"Sasa wewe mwenzangu umemwandikia kwamba hajui," mama akasema. "Mbele za watu. Pumbavu kabisa. Shuka huko mlimani."

Nilishuka nusu kwa miguu, nusu kwa makalio.

Yule mama wa Kirundi alikuwa palepale mchangani. Nikachuchumaa, nikamuuliza binti mkubwa, Goreti, jina la babu yake. Mjukuu yeye hana mwiko. Akalitaja palepale kwa sauti ya darasani: "Baranyikwa!" Mama yake akageuza uso kuelekea ziwani.

Nikaenda kwa Neema nikasema yote. Akaweka kalamu chini.

"Kwa hiyo yule mama alikujibu nini hasa?"

"Alinyamaza, dada."

"Na wewe ukanitafsiria kunyamaza kwake?"

Redio ilizima.

Akaniandikia karatasi. "Kesho unapanda nao meli. Ukamtafute huyo mzee wewe mwenyewe."

Kigoma watu walikuwa wamewekwa uwanja wa mpira. Getini tukazuiwa: mzee Baranyikwa yupo, hema la wagonjwa, ila anasema hana mtu. Alipomtaja mkwe wake, karani wa kule alimwambia kwamba mkwe huyo ameulizwa Kagunga na hamjui. Tangu hapo mzee kageukia turubai, uji hagusi.

Nilitamani ardhi inimeze. Maneno yangu mawili ya kijinga yalikuwa yamefika kabla ya meli.

Yule mama na binti zake wakabaki getini, nikaingia peke yangu. Mzee alikuwa amelala kwenye mkeka, mgongo kwangu. Nilikuwa nimejiandaa njia nzima, hotuba imenyooka. Nikafungua mdomo, nikakwama. Nilikwama mpaka muuguzi akanitazama.

Mwisho nikasema kwa shida, "Mzee, mkweo hakusema hakujui. Aliulizwa jina lako akanyamaza. Mimi ndiye niliyesema hajui. Nisamehe."

Akageuka taratibu.

"Alinyamaza?"

"Ndiyo, mzee."

"Hata mlipomkazania?"

"Hata nilipomfokea."

Mzee akajiinua kwa kiwiko, akaanza kupapasa pembeni akitafuta shati lake.

"Basi ni yeye," akasema. "Nipeni shati. Mkwe wangu hawezi kunikuta hivi."

Wakuu, nilitoka nje ya lile hema nikalia. Mtu mzima na kitambulisho shingoni.

Kazi niliendelea nayo, nikawa mkalimani wa polepole, wa kuuliza mara mbili. Nilichopata ni hiki tu: mtu akinyamaza mbele yako, usimmalizie. Mngoje. Akiendelea kunyamaza, andika kwamba amenyamaza, wapo watakaoelewa kuliko wewe.

Haya, nyie mliowahi kumharibia mtu kwa mdomo wenu, tiririkeni hapa chini. Na wa kunichamba anichambe, nimestahili. Leo mimi nasoma tu.