Shaba ya Waya

Mtu akiisifu ile filamu mbele yangu, naondoka, maana nikifungua mdomo nitatukana. Siku hizi wanaionyesha hadi shuleni, eti watoto waone jinsi nkambo zetu, mababu wa kale, walivyoyeyusha shaba. Ni uongo mtupu, na katika uongo huo umo mkono wangu.

Baba alifanya kazi kwenye matanuru ya mgodi hadi akastaafu. Lakini kazi aliyoipenda alionyeshwa na babu yake kijijini, akiwa mdogo: kujenga tanuru kwa udongo wa kichuguu, kulijaza makaa na mawe ya kijani yenye shaba, kuvukuta hadi shaba itoke. Watu wa filamu walipotafuta mzee wa kuigiza kazi hiyo, niliwapeleka kwake, mtaa wa Kasungami. Alifurahi hata chakula kikamshinda. Aliniambia anataka kuifanya mara moja tu, sawasawa, ili asife nayo.

Alilijenga tanuru kwa mikono yake, kisha akasema liachwe wiki mbili likauke. Mwongozaji wa filamu alitaka kesho.

"Udongo haiyakauka," baba akamwambia. "Tukiwasha, itapasuka."

Yule bwana akatabasamu kama anayembembeleza mtoto. Wakamvika ngozi, mzee wangu ambaye maisha yake yote alivaa suruali iliyopigwa pasi, na tanuru likawashwa. Kufika saa sita lilikuwa limepasuka. Baba akaziba nyufa kwa matope, akavukuta bila kupumzika. Shaba haikutoka.

Hapo mwongozaji akanivuta pembeni, akaniuliza waya za shaba zinauzwa wapi. Ningeweza kumfukuza. Badala yake nilikimbia mtaa wa Hewa Bora kwa wauza vyuma chakavu, nikarudi na waya za umeme, nikazimenya plastiki haraka haraka, vipande vingine vikabaki. Walipomgeuza baba upande wa pili ili wampige picha ya uso, mimi nilizitumbukiza kwa nyuma, kwenye ufa. Waya mwembamba unataka moto tu, hautaki ufundi.

Shaba ikatiririka, nyekundu, safi. Baba akapiga magoti akalia. Kamera ikamsogelea mpaka karibu imguse shavu, na mwongozaji akanikumbatia mimi, mpumbavu.

Siku ya kuonyesha filamu mjini, sauti ya msimulizi ikaeleza kwa Kifaransa kwamba mzee analia kwa furaha ya kukutana tena na mababu zake. Ukumbi mzima ukapiga makofi. Nilitamani kumrushia mtu kiti. Tukiwa njiani kurudi nikajikaza, nikamwambia baba watu wameyapenda sana yale machozi.

"We unawaza nililia na furaha?" akasema. "Myaka yote nilitumika ku tanuru, arufu ya plastiki ntashindwa kuijua? Niligeuka kidogo, nikakuona kwa nyuma. Njo maana nilikulilia we."

Mwongozaji nilimpigia mara nyingi nikimwomba aje turudie kazi, hata bila ngozi, udongo ukiwa mkavu. Alijibu kwamba filamu imekwisha na watu wameridhika.

Mvua zilipokoma nilichimba udongo wa kichuguu mwenyewe, nikaujaza kwenye mkokoteni, nikaumwaga uani kwa baba. Nikamwomba anifundishe, sisi wawili tu, bila kamera. Aliuchukua kidogo, akaufinyanga kati ya vidole. Kisha akaniuliza kama waya nimeshanunua.