Usivae Matambara Kwenda kwa Hakimu

Nakumbuka asubuhi moja huko Kyebando, nimesimama mbele ya kioo nikijifanya maskini. Usicheke, mwanangu. Kanga ilikuwa ya kuazima, imetoboka begani, na miguuni sikuvaa kitu. Siku hiyo mahakama ilikuwa ipitie upya amri ya matunzo yangu. Mume niliyeachana naye, askari polisi aliyeamriwa kunilipa fedha hizo, alikuwa ameomba ifutwe kabisa kwa sababu nilikuwa nimeanza kuuza mitumba sokoni Nakivubo. Ikifutwa, kodi ya chumba ingenishinda, na ningerudi kaskazini kwa kaka yangu, nikalale jikoni kwa mkewe. Niliogopa sana.

Majirani ndio walionifundisha: kana biashara, lia kidogo, hakimu ataingiwa na huruma. Siku hizi ushauri wa namna hiyo huja kwa simu, lakini ni uleule.

Shangazi yangu, mjane wa mwanajeshi, mwanamke asiyejua kunong'ona, alikuja kunisindikiza. Alinitazama kuanzia juu hadi chini, akaniuliza kwa Kiswahili chake cha kambini:

"Wewe nataka hakimu akuhurumie ama akusikie?"

"Shangazi, wakijua nauza, watanikatia."

"Soko yote najua wewe nauza! Bwana yako hapana kipofu. Vaa gomesi yako, tunakwenda."

Nikavaa gomesi, vazi letu la heshima, huku nimenuna. Mahakamani nikamkuta mume amekuja na wachuuzi wawili wa meza za jirani na yangu, tayari kushuhudia kwamba ninauza. Njia ya mwongo ni fupi, na yangu ingeishia palepale mbele ya watu. Hakimu aliponiuliza kama nina biashara, nilijibu ndiyo, ninayo. Faida yake inanilisha, ila bado haifikii kodi ya chumba. Wale wachuuzi hawakuitwa, maana cha kushuhudia kilikuwa kimekwisha. Hakimu aliyapunguza matunzo, hakuyafuta, akatuambia sote wawili: hali ikibadilika, rudini.

Nami nilirudi. Biashara iliponyooka nilikwenda mwenyewe, bila kuitwa, nikaomba amri ile iondolewe. Tulipotoka nje mume alinipa mkono.

"Asante, mama. Mimi nafikiri wewe nakuja kuongeza!"

Tulicheka, mwanangu, mara ya kwanza tangu tuachane.

Basi nisikilize, uwe mke au uwe mume. Amri ya matunzo iliwekwa kwa hali ya siku ile. Hali ikigeuka, ya kwako au ya mwenzako, mlango wa mahakama uko wazi. Usiibadilishe kwa maneno ya jikoni, wala usiache kulipa kimyakimya, wala usikane ulichonacho. Mficha uchi hazai. Taja unachopata, taja kinachopungua, tena kwa sauti ya kusikika. Mungu akupe ulimi usiotetemeka mbele ya hakimu, na akufikishe siku ya kumwambia, "Sasa inatosha, naweza mwenyewe."