Jina Lililomnyamazisha Mtoto

Miaka ya kwanza baada ya Uhuru nilikuwa mtu wa kuhamahama. Shule niliiacha darasa la tano, wala hakuna aliyenifukuza. Nilibeba samaki wakavu Mfangano, nikaosha sufuria katika hoteli moja Homa Bay, nikaishia sokoni Migori nikipakia magunia ya mahindi kwenye malori. Kote nilikopita nilikuwa na maswali, na swali nililolipenda kuliko yote lilikuwa la majina. Mtu akiniambia anaitwa nani, nilimwuliza kwa nini.

Migori ilinifaa kwa swali hilo. Sisi Wajaluo, mtoto wa usiku ni Otieno, wa mvua ni Okoth, na aliyezaliwa mama yake akiwa safarini ni Oyoo, yaani wa njiani. Mama mmoja Mkuria aliyetuuzia uji aliniambia kwao wa mvua ni Wambura.

"Sasa mvua ikinyesha mpakani," nikamwuliza, "mtoto ni wa nani?"

"Wa yule atakayemkausha. Rudisha kikombe, wenzako wanangoja."

Lakini kwetu kuna jina lingine, zito kuliko hilo la saa na mvua. Hilo huchaguliwa na wafu. Mtoto mchanga akilia bila kukoma na kukataa titi, wanawake wazee hukaa naye wakamtajia marehemu wa ukoo, mmoja baada ya mwingine. Akinyamaza akanyonya, basi aliyetajwa ndiye amerudi, na jina ni lake. Langu mimi lilipatikana hivyo. Lilikuwa la babu yangu.

Siku moja ya soko nilimwona mtu wa kwetu, wa upande wa Ndhiwa, akivuta mbuzi. Nikamwita, nikamnyooshea mkono. Aliuacha ukining'inia.

"Omera, ndugu yangu, wewe ni mtu?"

"Ni mimi. Kwani vipi?"

"Mtoto wa kaka yako ana jina lako," akasema, akamvuta mbuzi wake upande wa pili wa barabara.

Nilielewa mara moja. Nyumbani nilikuwa nimekufa. Nilingoja nishtuke, sikushtuka. Nilirudi kwenye magunia, nikamaliza kupakia lori, na kesho yake nikaondoka.

Mama alikuwa uani akipepeta mtama. Aliniona tangu nilipoingia kwenye ua wa minyaa, lakini hakusimama. Alipepeta mpaka nilipomfikia, halafu akaniuliza kama nimekula. Mkono hakunipa.

Mke wa kaka yangu ndiye aliyenieleza, amempakata mtoto, amekaa mbali nami kidogo. Mtoto alizaliwa analia. Alilia mpaka sauti ikakauka, akakonda, utosi ukadidimia. Wazee wa kike walitaja wafu wote wanaowajua, wakataja hata wale waliokufa wakiwa wadogo, bure. Mama alikuwa amechoka, ameketi ameegemea ukuta. Kwa muda mrefu habari zangu zilikuwa hazijafika, na siku hiyo alikuwa akiniwaza. Jina likamtoka. Mtoto akashika titi papo hapo.

"Tukafurahi," shemeji alisema. "Halafu tukamwona mama anavua kitambaa chake cha kichwa, anaanza kulia."

Kaka yangu alikuwa Msabato, na mambo hayo alisema hayaamini. Alijaribu kutupatanisha. "Mama, jina ni lile lile la babu. Labda ni babu amerudi tena."

"Niliyemtaja namjua," mama akasema.

Jirani yetu mmoja, bibi kizee, alikuja kunikagua. Alinizunguka kama anayenunua ng'ombe.

"Hebu kohoa."

Nikakohoa.

"Marehemu ana kifua kizuri kuliko mume wangu," akasema, akaketi. Tulicheka, hata kaka. Mama hakucheka. Bibi naye akaacha kucheka, akamtazama mtoto. "Mmoja wao ataliachia jina," akasema. "Na huyu mdogo hana nguvu za kuliachia."

Siku ile yote hakuna aliyeniita kwa jina. Kaka aliniita ndugu yangu. Mama aliniita wewe. Nilikula nilichopewa, nikalala nilipoonyeshwa. Nakumbuka nilichunguza paa, nikaona nyasi zimebadilishwa upande mmoja, nikajiuliza nani aliezeka.

Asubuhi mtoto akaanza kulia. Shemeji akampa titi, mtoto akageuza uso. Mama yake akambadilisha upande, naye akageuza tena. Sauti ilikuwa kubwa kuliko mwili wake. Mama akatoka jikoni, akasimama uani kati yetu, akaita jina.

"Ee, mama," nikaitika. Ulimi ulikuwa umezoea.

Mtoto akazidi kulia. Kaka alitazama chini. Shemeji akanitazama mimi.

"Shemeji," akasema, "nakuomba."

Mama akaita tena. Sasa aliita taratibu, akiivuta sauti mwishoni, kama alivyokuwa akiniita zamani nikichelewa na ng'ombe. Na uso wake ulikuwa umenielekea mimi, si mtoto. Nilifunga mdomo. Kulikuwa na kuku aliyekuwa akidonoa mtama uliomwagika jana, nikamtazama huyo. Mama akangoja. Kisha akaita mara nyingine, na mimi nikaendelea kumtazama kuku.

"Ameshika," shemeji akanong'ona.

Mama akarudi jikoni, akakaa huko kitambo, akatoka na bakuli la uji. Aliliweka chini karibu na miguu yangu, akarudi nyuma.

"Wewe," akasema, "kunywa, njia ni ndefu."

Nikanywa.